Mama Fundi Anajibu: Gemu Lihamishwe, Lisifutwe

Mwezi huu barua za magemu zimezidi barua za printa, jambo ambalo halijapata kutokea tangu nipewe safu hii. Karibu zote zinalia kilio kimoja: diski C imejaa. Nieleweke kabla sijaanza: mimi si mtu wa kuwakataza watoto gemu. Hapa kibandani kwangu Mwananyamala, kazi zikipungua, huwa nafungua Age of Empires II. Ninachokichukia ni kumwona mtu anafuta gemu la GB 100 leo, halafu mwisho wa mwezi ananunua bando alishushe upya, na diski ya pili imekaa tupu ndani ya kompyuta ileile.

Shikamoo Mama Fundi. Laptopu yangu ina SSD, ile diski ya kasi, ya GB 256, ndiyo C, na hadi diski ya kawaida ya TB 1, ndiyo D. C ilipoanza kuonyesha nyekundu nilikata folda ya GTA V nikaibandika D. Nikitaka kucheza, Steam ikasema faili la kuendeshea gemu halipo. Mwenzangu wa hosteli akanishauri niliondoe gemu kwenye Steam halafu niliweke upya. Nimeliondoa, na sasa inataka nishushe zaidi ya GB 100. Bando langu ni la mwanafunzi. Ndiyo basi tena?
Mwanafunzi, Morogoro

Marahaba mwanangu. Bado hujapoteza kitu. Gemu lako liko D, zima, na hiyo folda usiiguse mpaka umalize kusoma hapa.

Steam, ile programu ya kununulia na kufungulia magemu, haipekui diski nzima kuyatafuta. Kwa kila gemu inaweka kijifaili ndani ya folda iitwayo steamapps, na kijifaili hicho hubeba namba ya gemu. Cha GTA V ni appmanifest_271590.acf. Ukikifungua kwa Notepad utaona mistari ya kawaida tu ya maandishi: ukubwa wa gemu, tarehe ya kusasishwa kwa namba zisizosomeka, na mstari ulioandikwa installdir ukifuatiwa na jina la folda, Grand Theft Auto V. Hakisemi C wala D. Kinasema jina tu, na Steam hulitafuta jina hilo ndani ya folda ya common iliyo pembeni yake. Wewe uliihamisha folda ukakiacha kijifaili nyuma, kikabaki kinaelekeza mahali patupu. Mwenzako wa hosteli naye, kwa nia njema kabisa, akakushauri uliondoe gemu, na kijifaili kikafutika.

Fanya hivi. Fungua Steam, ingia "Settings", kisha "Storage". Juu pale kuna orodha ya diski. Ibonyeze uongeze D. Steam yenyewe itatengeneza folda iitwayo SteamLibrary, na ndani yake steamapps, na ndani yake common. Sasa ifunge Steam kabisa, hata ile alama yake ndogo kule chini karibu na saa. Chukua folda yako ya Grand Theft Auto V kule ulikoibandika, uikate na kuiweka ndani ya D:\SteamLibrary\steamapps\common. Kwa kuwa inatoka D kwenda D, itakuwa sekunde tu. Jina lisibadilike hata herufi moja. Kama uliiita "GTA mpya", irudishie jina lake.

Fungua Steam, bonyeza "Install", chagua D. Hapo itaanza kukagua mafaili iliyoyakuta, na kwenye hadi diski ukaguzi huo unachukua muda, kwa hiyo tulia. Ikimaliza itashusha kile tu kilichopungua au kilichobadilika. Ila macho yako yabaki kwenye sehemu ya kushusha: ukiona imeanza na gigabaiti zote kuanzia sifuri, isimamishe hapohapo. Maana yake folda haiko mahali pake au jina limekosewa.

Safari nyingine usikate wala kubandika. Bonyeza jina la gemu kwa kitufe cha kulia cha mausi, nenda "Properties", halafu "Installed Files", utaona kitufe cha kuhamisha. Au kwenye "Storage" palepale, weka alama kwenye magemu hata matano, ubonyeze "Move". Steam itabeba folda na kijifaili chake pamoja. Kutoka SSD kwenda hadi diski ya laptopu, tuseme MB 100 kwa sekunde, GB 100 ni kama dakika 17. Chomeka chaja, usifunge kifuniko.

Na ukishajua kuhamisha, acha kuiona D kama jalala. Gemu unalolicheza mwezi huu likae kwenye SSD. Yale ambayo "nitarudia siku moja" yakae kwenye hadi diski yakingoja zamu. Siku ikifika unabadilishana, bila bando.

Jambo moja zaidi: C usiijaze mpaka ukingoni. Gemu likisasishwa, Steam huandaa mafaili mapya kwenye folda ya downloading kabla haijayaingiza mahali pake. Gemu lenye faili moja la GB 20 linaweza kuhitaji nafasi ya faili hilo zima upya hata kama kilichobadilika ni kidogo. Watu wengi wanaonijia na ujumbe wa hitilafu ya kuandika kwenye diski, diski yao ni nzima. Haina tu pa kupumulia.

Hujambo Mama Fundi. Nilinunua laptopu ya mtumba, ina C ya GB 100 na D ya GB 138. Niliskia gemu likitolewa C linakuwa na kasi. Nimehamisha FIFA 19 hadi D lakini sioni tofauti yoyote. Shida iko wapi?
Msomaji, Nakuru

Sijambo sana. Jumlisha hizo namba zako: 100 na 138 ni 238. Hiyo ni SSD moja ya GB 256. Kiwanda huhesabu kwa elfu, Windows huhesabu kwa 1,024, ndiyo maana 256 inasomeka 238. Aliyekuuzia, au aliyemuuzia yeye, aliigawa diski hiyo moja mara mbili.

Hakikisha mwenyewe. Bonyeza Ctrl, Shift na Esc kwa pamoja, nenda "Performance", utazame upande wa kushoto. Ukiona "Disk 0 (C: D:)", herufi zote mbili kwenye mstari mmoja, basi ni diski moja. Kasi haiwezi kubadilika kwa kuhama chumba ndani ya nyumba ileile.

Ushauri wangu ni kuziunganisha, maana mgawo wa namna hii kwenye SSD ndogo ni usumbufu mtupu. Kila siku utakuwa na GB 15 huku na GB 20 kule na gemu la GB 30 halina pa kukaa. Nakili kila kitu cha D kwenye diski ya nje, fungua "Disk Management", futa D, kisha bonyeza C uchague kuitanua. Ikikataa, tazama kama kuna kipande kidogo cha kurejeshea Windows kimekaa katikati ya C na nafasi iliyoachwa wazi. Windows hutanua C kwa nafasi iliyogusana nayo tu. Ukikikuta hicho, mpelekee fundi. Usikifute kwa hasira.

Kwa nini magemu ya siku hizi ni makubwa namna hii? Au wanatuonea tu sisi wa bando?
Mchovu, Mbeya

Kuna mahali unaonewa kweli. Baldur's Gate 3 inadai GB 150. Red Dead Redemption 2 nayo GB 150. Counter-Strike 2, ambalo ni gemu la bure, linataka GB 85. Sehemu kubwa ya uzito huo ni picha zinazovikwa juu ya kuta, nguo na nyuso, zilizochorwa kwa skrini kubwa kuliko yako, pamoja na sauti za mazungumzo.

Lakini kuna uzito mwingine ambao mchezaji hauoni kabisa: kitu kilekile kuwekwa mara nyingi. Hadi diski ina kichwa kinachosogea juu ya sahani inayozunguka. Kama mti uko mwanzo wa diski na jiwe liko mwisho, kichwa kinahangaika. Basi watengenezaji hunakili mti na jiwe pamoja kwa kila eneo la gemu, ili kichwa kisome moja kwa moja. Helldivers 2 lilikuwa hivyo. Kwenye kompyuta lilifika karibu GB 150, na kwenye PlayStation 5, ambayo ina SSD, halikufika hata theluthi ya hapo. Mwishoni mwa 2025 waliolitengeneza, Arrowhead wa Sweden wakisaidiwa na Nixxes, walitoa toleo lililoondolewa marudio hayo. Likashuka hadi GB 23 hivi! Na wao wenyewe wakakiri kwamba wenye hadi diski waliongezewa sekunde chache tu za kungoja, kwa sababu muda mwingi wa kungoja ulikuwa unaliwa na kompyuta ikitengeneza uwanja, si na diski.

GB zaidi ya 120 za watu, kwa hofu ambayo haikupimwa. Hapo mchovu mwenzangu nakuunga mkono.

Habari za kazi, dada. Mwanangu ana kompyuta ya mezani yenye hadi diski ya GB 500. Anataka Cyberpunk 2077 na anasema lazima nimnunulie SSD, la sivyo halitacheza. Ni kweli au ananizuga? Nimeona mtandaoni SSD ya nje ya TB 2 kwa bei ndogo ajabu, nimchukulie hiyo?
Mama wa Wawili, Arusha

Nzuri, dada yangu. Kwa hilo hakuzugi. Tangu 2023, lilipotoka toleo la 2.0, watengenezaji wa Cyberpunk 2077 waliacha kuihesabu hadi diski. Sharti la chini ni SSD yenye nafasi ya GB 70. Linaweza kufunguka kwenye hadi diski, lakini atakuwa anaendesha gari kwenye barabara ambayo nyumba zake hazijafika. Ila muulize pia kadi yake ya picha ni ipi, maana SSD haitengenezi kadi ya picha, na hilo vijana hulisahau kulitaja.

Hiyo ya TB 2 ya bei ya ajabu iache hukohuko. Nyingi ninazoletewa, nikifungua kasha nakuta kijikadi cha kumbukumbu kama cha simu kimegundishwa kwenye kibao cha USB. Kibao kimefundishwa kuidanganya Windows kwamba kina TB 2. Unapoweka vitu vya mwanzo vinakaa vizuri. Ukishapita ukubwa wake halisi, kinaendelea kupokea kwa adabu zote huku kikiandika juu ya vilivyotangulia au kikivitupa. Utakuja kujua siku gemu linakataa kufunguka, au siku picha za harusi zinatoka nusu kijivu. Ukishanunua diski yoyote ya mtaani, kabla ya kuweka kitu, ijaribu kwa programu ya bure iitwayo H2testw. Inaijaza diski yote kisha inasoma ilichoandika. Ni kazi ya saa kadhaa na kiini macho kitajulikana.

Mnunulie SSD ya ndani, GB 500 inamtosha kuanzia. Kabla ya kwenda dukani, mwambie afungue kompyuta apige picha ubao mama. Kama kuna nafasi nyembamba iliyoandikwa M.2, angalieni kwenye kitabu cha ubao inapokea ya aina gani. Ikipokea NVMe, ambazo ni SSD za kasi zaidi, hizo husoma MB 3,000 kwa sekunde na zaidi. Kama haipo, chukua ile bapa ya inchi 2.5 ya kebo ya SATA, ambayo inaishia kama MB 550. Kwa gemu tofauti ya hizo mbili ni ndogo kuliko muuzaji atakavyokuambia. Tofauti kubwa ni kutoka kwenye hadi diski kwenda kwenye yoyote kati yake. Windows na Cyberpunk viingie kwenye mpya. Ile ya zamani msiitupe wala kuiuza. Ibaki ndani iwe ya magemu ya zamani na ya masomo, kama yapo.

Assalaam aleikum bi mkubwa. Niko Muscat, magemu yangu yote yako kwenye diski ya nje. Kuna siku inafunguka kama E, siku nyingine F, na Steam inasema hakuna gemu lililowekwa. Pia nakuja Unguja likizo, nataka kumchukulia mpwa wangu Dota 2 na eFootball asihangaike na intaneti. Inawezekana?
Msomaji, Muscat

Waaleikum salaam mwanangu. La herufi ni jepesi. Chomeka diski, fungua "Disk Management", ibonyeze kwa kulia, uchague kubadilisha herufi. Ipe herufi ya mbali kama R au T, kwa sababu fleshi na kamera hudaka zile za mwanzo. Windows itaikumbuka kwenye kompyuta hiyo. Na siku zote chomeka diski kwanza ndipo ufungue Steam. Ukisahau, ukaona magemu yote yamekuwa ya kijivu, usibonyeze kuweka upya. Funga Steam, chomeka, fungua tena.

La mpwa linawezekana na ni halali, kwa kuwa hayo mawili ni ya bure. Angalia tu uwe umeyashusha kupitia Steam yote mawili. Nakili folda za magemu hayo kutoka ndani ya common. Mpwa afungue akaunti yake mwenyewe ya Steam, aunde maktaba (ile SteamLibrary) kwenye diski yake, aweke folda hizo ndani ya common yake, kisha abonyeze "Install" kama nilivyomweleza mwanafunzi wa Morogoro hapo juu. Atashusha masasisho tu. Gemu la kununua utamnakilia mafaili, lakini halitafunguka mpaka liwe kwenye akaunti yake.

Kabla hujanakili, tazama diski yako imefomatiwa kwa mfumo gani: ibonyeze kwa kulia, "Properties". Ikiwa FAT32, faili lolote linalofika GB 4 litakataliwa hata kama kuna nafasi ya TB nzima, na magemu mengi yana mafaili makubwa kuliko hapo. NTFS ndiyo nzuri kwa gemu linalochezwa humohumo kwenye diski. exFAT inafaa kubebea. Kumbuka tu kwamba kubadilisha kutoka moja kwenda nyingine kwa kufomati hufuta vyote.

Mama Fundi, hayo ya Steam tumeyasoma kwenye safu zako za nyuma. Mimi natumia Epic, programu nyingine ya magemu kama Steam, nina Fortnite kwenye C. Nafanyaje?
Kijana wa Kigoma

Salamu nazo ni bure, kijana, hazili bando.

Kwanza ipe folda ya Fortnite jina jingine, kwa mfano Fortnite-zamani. Hili ndilo la muhimu kuliko yote, kwa sababu hatua inayofuata ni kuliondoa gemu kwenye Epic, na ikiikuta folda kwa jina lake itaifuta. Baada ya kuliondoa, anza kuliweka upya ukichagua D. Liache lishuke asilimia moja au mbili, lisimamishe, ufunge programu ya Epic kabisa. Sasa nakili vilivyomo ndani ya Fortnite-zamani uviweke ndani ya folda mpya iliyozaliwa D, ukikubali kubadilisha vilivyopo. Fungua Epic, endelea. Itakagua mafaili, itaona kazi imeshafanyika, itashusha kilichobaki. Hakikisha gemu linacheza ndipo ufute ya zamani.

Kwa programu nyingine zisizotaka kabisa kuhama kuna njia ya mafundi. Hamisha folda kwenda D, kisha fungua "Command Prompt" kama msimamizi uandike:

mklink /J "C:\Michezo\JinaLaGemu" "D:\Michezo\JinaLaGemu"

Njia ya kwanza ni ya zamani, na folda hiyo isiwepo tena C. Ya pili ni mahali gemu lilipo sasa. Windows itaweka pale C mlango unaofungukia D, na programu haitajua kwamba kuna kilichohama. Inafanya kazi kwenye diski za NTFS za ndani. Kwenye Steam usiitumie. Ina kitufe chake.

Shikamoo. Nikihamisha gemu, hatua nilizofikia zinapotea? Na je, kuhamishahamisha hakuui SSD?
Mwoga, Tanga

Marahaba. Mara nyingi hatua zako hazikai kwenye folda ya gemu. GTA V, kwa mfano, huziweka Documents, kwenye folda ya Rockstar Games. Magemu mengine hutumia AppData au "Saved Games". Gemu likihama, zenyewe zinabaki. Wa kuogopa ni yule anayefomati C bila kunakili Documents. Magemu machache ya zamani huhifadhi ndani ya folda yao, na hayo yakihamishwa zima hatua zinasafiri nayo.

Kuhusu kuua SSD: chukua Samsung 870 EVO ya GB 250, ile ndogo. Dhamana yake ni kuandikiwa TB 150 au miaka 5, kinachotangulia. Ukiingizia gemu la GB 100 kila siku ya Mungu, utafika hapo baada ya miaka minne na ushei. Hamisha.

Naweza kucheza gemu moja kwa moja kutoka kwenye fleshi?
Bila jina

Litafunguka. Fleshi ya USB 2.0 inatoa kama MB 35 kwa sekunde ikiwa na afya njema, na kwenye mafaili madogomadogo inashuka chini zaidi, kwa hiyo ramani moja utaingoja mpaka chai ipoe. Itumie kubebea. Ukifika nyumbani hamishia gemu kwenye diski, ndipo ucheze.